Atarudi au Hatarudi: Kazi ya Mtunzi na Mbunifu wa Sauti katika Filamu Huru

Ndugu zangu wa Mwanza, nanyi mliovuka maji kutoka Ukerewe na Sengerema, mwangaluka.

Sikilizeni sentensi mbili. "Baba atarudi." "Baba hatarudi." Kati ya tumaini na msiba hapo ipo herufi moja tu, h, na hiyo h si zaidi ya pumzi. Sasa mweke mama anayemwambia mwanawe maneno hayo ufukweni Igombe saa kumi jioni, upepo wa ziwa umekaza, mtumbwi wa mashine unapita nyuma yake, halafu mtunzi naye akaongeza zeze na vinanda kwa sababu sini ni ya huzuni. Pumzi imezama. Mtazamaji anamgeukia jirani yake: "Kasemaje?" Jirani anapomjibu, sini imekwisha.

Lugha yetu mara nyingi hukanusha mwanzoni mwa neno. "Watakuja" na "hawatakuja" zinatofautiana kwa silabi nzima, hizo hazina taabu. Hatari iko kwenye nafsi ya pili na ya tatu umoja: utaweza, hutaweza; atapona, hatapona. Kwa hiyo mbunifu wa sauti anayefanya kazi kwa Kiswahili apitie skripti kabla ya siku ya kwanza ya kupiga picha, kalamu nyekundu mkononi, na kila ukanushi wa namna hiyo auzungushie duara. Siku ya kurekodi, maneno yale yakisemwa, ayasikilize kwa hedifoni. Pumzi isiposikika, aombe irudiwe palepale. Kurudia palepale ni dakika mbili. Kumwita mwigizaji studio miezi mitatu baadaye, sauti ina mafua na midomo kwenye picha inakataa kulingana, ni siku nzima na nauli juu.

Penye fedha nyingi kazi hizi hugawanywa: wa kurekodi, wa kusafisha mazungumzo, wa nyayo na milango, wa muziki, wa kuchanganya. Katika filamu huru mtu mmoja hubeba karibu zote. Ni mzigo, lakini ni nafasi nzuri pia, kwa kuwa yule anayetunga muziki ndiye anayejua mazungumzo yanahitaji nafasi wapi. Hana wa kugombana naye ila moyo wake mwenyewe, unaotaka wimbo wake usikike.

Tuanze na kurekodi, maana ndiko filamu nyingi za kwetu zinakoharibikia. Rekodini kwa 48 kHz, yaani vipimo 48,000 vya sauti kila sekunde, na biti 24. Waliotoka kwenye muziki wamezoea 44.1, na faili la 44.1 likisomwa na programu kama 48 hukimbia kwa karibu asilimia 9, sauti inapanda karibu nusu toni moja na nusu (nusu toni ni hatua kati ya noti mbili jirani za piano), na mzee wa miaka sitini anaongea kama mwanawe. Maiki ya kwenye kijiti iwe sentimita 30 hadi 60 kutoka kinywani. Ya kubana kwenye nguo iwe shibiri moja chini ya kidevu, na kama ni kitenge kipya chenye wanga, kifuliwe kwanza, la sivyo kila mwigizaji akipumua mtasikia karatasi. Mazungumzo yacheze karibu na desibeli −20 kwenye kipimo, kilele kisipite −12. Vipo vinasa sauti vya biti 32 floti vinavyomwokoa mtu pale mwigizaji anapopiga kelele ghafla. Havimwokoi aliyeweka maiki mita tatu mbali.

Upepo wa hapa una ratiba yake. Mchana nchi kavu hupata joto haraka kuliko maji, hewa inapanda, na upepo unatoka ziwani kuja kwetu, usiku unageuka. Katikati kuna saa za utulivu, hasa asubuhi kabla ya saa tatu. Mwongozaji akiwaambia sini ya mazungumzo ufukweni itapigwa saa tisa alasiri kwa sababu mwanga ni mzuri, mwelezeni mapema, tena kwa upole, kwamba atapata mwanga na kukosa maneno. Ikishindikana, sponji peke yake haitoshi. Maiki ivae koti la manyoya, na mwigizaji asimame mgongo wake ukikinga upepo.

Ndani ya nyumba kuna bati. Jua likipanda bati linatanuka na kulia tak, tak; jioni linalia tena likijikunja. Mvua ikinyesha hakuna ujanja, pumzikeni mnywe chai. Jokofu lizimwe, na aliyelizima aweke funguo za pikipiki yake humo ndani, hatasahau kuliwasha wakati wa kuondoka. Mkimaliza kila sini, watu wote wanyamaze, mrekodi sekunde 60 za chumba kitupu. Watu huona aibu kuomba dakika hiyo, na mwongozaji huwa na haraka. Iombeni. Mhariri akikata kikohozi katikati ya sentensi, pengo linazibwa kwa kipande cha ukimya wa chumba kilekile. Ukimya wa kompyuta ni shimo, na sikio hulisikia mara moja.

Kisha picha ikifungwa, yaani mhariri na mwongozaji wamekubaliana kwamba hakuna kinachokatwa tena, ulizeni swali moja kabla ya mengine yote: ni fremu ngapi kwa sekunde? Hapa kwetu nyingi ni 25. Kamera nyingine huandika 24 kumbe ni 23.976, na tofauti hiyo ndogo ni zaidi ya nusu sekunde kila dakika 10. Mwisho wa filamu ya dakika 90 midomo na maneno vimeachana kwa zaidi ya sekunde tano. Zile zilizopigwa kwa simu zina balaa lingine: simu nyingi hubadilisha idadi ya fremu zenyewe kadiri mwanga unavyobadilika. Video za simu zigeuzwe kuwa za fremu zisizobadilika kabla ya kuhaririwa, si baada. Ombeni pia video yenye saa ya fremu ikionekana juu ya picha, na mlio mfupi wa fremu moja, 1 kHz, sekunde mbili kabla ya picha ya kwanza. Mlio huo ukikaa mahali pake kwenye kompyuta yako na kwenye ya mhariri, mnaweza kulala.

Sasa kusafisha. Programu za kuondoa kelele zinajifunza mlio wa upepo na kuukata. Na herufi h ni nini ila upepo mdogo? Programu haijui Kiswahili. Mtu akivuta kitufe mpaka kelele yote iishe, "hatarudi" inageuka "atarudi", na mama amemdanganya mtoto bila kukusudia. Punguzeni desibeli 6 kwa mara moja, kisha mbonyeze sehemu ya kusikiliza kile kilichoondolewa. Mkisikia vipande vya maneno humo, mmezidisha. Mngurumo ulio chini ya 80 Hz ukateni bila huruma, haubebi neno lolote. Umeme wetu unavuma kwa 50 Hz, pamoja na ndugu zake wa 100 na 150. Hao hukatwa kila mmoja kwa upanga mwembamba, si kwa panga la shamba.

Nifike ziwani, maana hapa ndipo sisi wa Mwanza tuna mali ambayo wengine hawana, na tunaiacha. Msanii anahitaji sauti ya maji, anaingia kwenye mtandao, anapakua mawimbi ya bahari ya nchi nyingine na ndege wa huko. Mvuvi wa Ukerewe akitazama anajua kuna kitu hakipo, hata asipoweza kukitaja. Ziwa halipumui kama bahari. Kwenye miamba yetu mawimbi ni mafupi, yanachubwika, yanaingia kwenye ufa na kutoka na mlio wa shavu. Mkisimama mita kumi na kurekodi, mtapata shwaaa moja ndefu, na kwenye spika itafanana na chipsi zikikaangwa. Shukeni mpaka kwenye ufa wa jiwe, maiki sentimita 30 tu juu ya maji, mrekodi dakika tatu. Kisha chini ya ubavu wa mtumbwi uliofungwa, dakika nyingine tatu. Kisha ndiyo mrudi mbali kwa ile shwaaa. Tabaka hizo tatu, ya mbali ikiwa chini kabisa, ndilo ziwa.

Na sauti zina miaka yake. Filamu ya wavuvi wa dagaa miaka ya tisini lazima iwe na karabai, ule mfoko mwembamba wa hewa na mafuta usiokatika usiku kucha. Taa za sola na betri walizonazo wavuvi sasa ni bubu. Ukiweka usiku wa leo kwenye hadithi ya juzi, usiku huo ni mtupu. Vivyo hivyo Kigongo na Busisi: tangu daraja lifunguliwe Juni 2025, msafiri wa Geita anapita juu ya maji kwa gari, na hadithi yoyote ya kabla ya hapo itahitaji mlango wa chuma wa kivuko ukibwagwa ufukweni, dizeli ikihema, minyororo, watu wakiitana. Kila mwenye rekodi hiyo aitunze kama dhahabu ya Geita yenyewe. Feri ya Kamanga bado ipo, iendeeni wiki hii. Mwanzoni mwa kila rekodi tamkeni kwa mdomo mahali, saa na umbali wa maiki, maana baada ya miezi sita faili lililoandikwa "sauti mpya 7" halimsaidii mtu.

Nyayo, nguo, sufuria na milango hurekodiwa upya studio mbele ya picha. Kazi hiyo inaitwa folei. Leteni udongo halisi: beseni la mchanga wa ziwa, beseni la changarawe, ubao. Kandambili zina mlio wake na haziigizwi kwa kiatu. Walter Murch, Mmarekani aliyehariri sauti na picha za filamu kubwa, ana kanuni inayookoa siku nzima ya kazi: mtu mmoja akitembea, kila hatua ilingane na picha, wawili, vilevile, wakifika watatu, sikio halihesabu tena, linasikia kundi. Kwa hiyo msitoke jasho kuoanisha nyayo za waombolezaji ishirini.

Muziki. Mwongozaji huja na filamu ambayo mhariri amekwishaipachika wimbo wa mtu maarufu ili kujaza nafasi, na ameusikia mara mia. Ameupenda. Chochote mtakachotunga kitaonekana pungufu. Dawa ni kuwahi: skripti ikikamilika, mpeni mhariri michoro mitatu ya muziki, dakika mbili mbili, hata ya simu na gitaa, aikatie picha juu yake. Kisha kaeni na mwongozaji mtazame filamu nzima, mkiandika kila mahali muziki unapoingia, unapotoka, na kwa nini. Sehemu ikikosa "kwa nini", futeni. Filamu ya dakika 90 inatosheka na dakika 30 za muziki. Anayejaza 70 amekosa imani na waigizaji.

Nitoe hesabu moja. Mtumbwi unagusa nchi sekunde 18 na fremu 10 baada ya muziki kuanza. Kwa fremu 25, fremu 10 ni sekunde 0.4, jumla 18.4. Unataka ngoma kubwa ipige hapo, mwanzoni mwa kipimo cha tisa, kila kipimo kina mapigo manne. Yamepita mapigo 32. Zidisha 32 kwa 60, gawanya kwa 18.4: mwendo wako ni 104.35 kwa dakika. Ukiona ni wa haraka mno, punguza hadi mapigo 28 na utapata 91.30. Na pigo likitua fremu moja baada ya picha, liacheni. Macho hupokea kabla ya masikio hata katika maisha. Likitangulia, kila mtu anashtuka.

Ala za kwetu zina heshima zake. Enanga ya Bukoba, iritungu ya Wakurya, zeze, hazikufungwa kwa kipimo cha piano. Nusu toni ya piano ni senti 100, na uzi wa zeze unaweza kukaa senti 30 chini ya noti ya kinanda. Mkivipiga pamoja vinateta. Watu wengi humlazimisha mzee akaze uzi. Msifanye hivyo. Mrekodini mzee kwanza, kwa sauti aliyoizoea, halafu shusheni kinanda cha kompyuta senti hizo 30, au kikae kimya. Ngoma nazo ni ngozi, na unyevu wa ziwani huzilegeza. Huoteshwa moto kabla ya kupigwa, kisha baada ya muda zinashuka tena. Rekodini vipande vifupi, moto uwe mbali, maana majani yakitatarika yanaingia kwenye maiki. Mnaotaka kujifunza ngoma za Wasukuma, makumbusho ya Bujora pale Kisesa si mbali, na Juni wakati wa sikukuu ya Bulabo, makundi mawili ya wachezaji, Bagika na Bagalu, wanaposhindana, mtasikia ngoma ikijibiwa na uwanja mzima. Studio haina uwanja.

Kuchanganya nitapita haraka, kwa kuwa vyumba vyetu ndivyo vinavyotuhadaa. Chumba cha urefu wa mita 3.4 chenye kuta tupu kinavimbisha 50 Hz, unadhani besi imezidi, unaikata, na ukumbini filamu inakuwa nyembamba. Magodoro kwenye pembe yanasaidia kuliko trei za mayai ukutani. Programu si kisingizio: DaVinci Resolve ina toleo la bure lenye sehemu kamili ya sauti, na Reaper kwa mtu binafsi ni dola 60. Fanyeni majaribio ya mwisho mahali filamu itakapotazamwa: kwenye simu, na kwenye kibanda umiza chenye spika moja. Simu haitoi ngoma ya 70 Hz kabisa. Kama pigo lenu liko huko tu, limetoweka. Pandisheni kidogo mlio wa kiganja kwenye ngozi, kati ya 1 na 3 kHz, lakini wakati hakuna anayesema, kwa sababu huko ndiko maneno yanakoishi. Kama televisheni inafuata kipimo cha Ulaya, ukali wa jumla, unaopimwa kwa kizio kiitwacho LUFS, ni −23. Mtandaoni, YouTube hushusha vilivyopita takriban −14, kwa hiyo kukandamiza sauti ili ipige kelele ni kazi ya bure. Na tamasha likitaka fremu 24 kutoka filamu ya 25, dakika 90 zinakuwa 93 na sekunde 45, sauti ikishuka karibu robo tatu ya nusu toni. Ulizeni mapema nani atairekebisha.

Mnapokabidhi, tenganisheni: mazungumzo peke yake, muziki peke yake, mazingira na folei peke yake. Ziwa hili lina nchi tatu. Filamu yenye muziki na mazingira bila mazungumzo inaweza kusemwa kwa Kiganda au Kijaluo bila kuanza upya, na prodyuza aliyepokea faili hizo atawakumbuka.

Sasa mkate. Hesabu ya siku kwa dakika 90: muziki dakika 30, dakika mbili zilizokamilika kwa siku, siku 15. Kusafisha mazungumzo, dakika 10 za filamu kwa siku, siku 9. Folei na mazingira siku 10. Kuchanganya 5. Jumla 39. Anayekuja na wiki mbili muonyesheni hesabu hii kabla ya kutaja bei, mjadiliane kipi kipunguzwe. Malipo yawe theluthi tatu: kwenye saini, michoro ya muziki ikikubaliwa, na ya mwisho kabla faili za ubora kamili hazijatoka mkononi. Marekebisho mara mbili ndani ya bei. Ya tatu ina bei yake. Picha ikifunguliwa baada ya kufungwa, mkataba useme nani analipia, kwa kuwa kukata sekunde nne kunavunja kila hesabu ya mapigo.

Mkataba pia useme kama mnauza haki au mnatoa leseni. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inamlinda mtunzi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kufa. Kwa bajeti ndogo, toeni leseni ya filamu hiyo, muziki ubaki wenu, na msajili kazi COSOTA, ofisi ya hakimiliki. Wimbo wa mtu mwingine una haki mbili, ya utunzi na ya rekodi. Ruhusa ya moja haifungui nyingine. Mzee wa zeze na kikundi cha ngoma wana hakishiriki yao, yaani haki ya anayepiga au kuimba, mbali na ya mtunzi: walipwe siku hiyohiyo, wasaini karatasi ya Kiswahili waliyosomewa, majina yao yaandikwe mwishoni mwa filamu kwa tahajia wanayoitaka wenyewe. Nyimbo za jadi zina ulinzi wake ndani ya sheria hiyohiyo. Ulizeni BASATA, Baraza la Sanaa la Taifa, kabla ya kuziuza.

Anayeanza asisubiri filamu ndefu. Filamu tatu za dakika 5 zenye mazungumzo safi zinampa mtu kazi kuliko albamu. Kazi za makala, matangazo na michezo ya redio ndizo hulipa kodi ya nyumba katikati, na zinafundisha kuwahi tarehe.

Kesho saa kumi na moja na nusu alfajiri tukutane Mwaloni, Kirumba. Ruhusa tutaiomba kwa uongozi wa mwalo tukifika. Leteni kinasa au simu, hedifoni za waya, betri za akiba, koti la manyoya kwa aliye nalo. Kila mmoja arekodi dakika tatu za maji karibu, dakika tatu za soko kwa mbali, na mashine moja ikiwashwa mpaka ipotee ziwani. Tukirudi hapa, tutaziweka zote chini ya zile sentensi mbili, na mtu aliye nje ya mlango, akisikiliza kwa spika ya simu, atatuambia kama baba anarudi.